Miji ya Kesho Katika Sinema: Mama Yuko Wapi?

Ndugu msomaji, chukulia kwamba ni jioni ya Jumapili. Chakula kimekwisha liwa, na vijana wako wamekaa mbele ya televisheni wakitazama filamu ya mambo ya kubuni kuhusu miaka ijayo. Unapita kwenda jikoni, unatupa jicho. Unaona mji wenye maghorofa yanayopotelea mawinguni, mvua isiyokatika, magari yanayopaa, na taa za matangazo zinazowaka juu ya umati wa watu ambao hakuna anayemtazama mwenziwe. Unasema moyoni kwamba hayo ni mambo ya watu na mitambo yao, nawe unaendelea na shughuli zako.

Makala haya yanakuomba urudi uketi, utazame kwa jicho la mzazi. Filamu za namna hii zimekuwa zikitengenezwa kwa karibu miaka mia moja, na aghalabu husemwa kwamba zinahusu mashine. Mashine zimo, hapana ubishi, tena nyingi. Lakini hebu jaribu kumtafuta mama katika miji hiyo. Utamkuta amekwisha kufa, au amesahauliwa, au amebaki picha tu. Na mara nyingi kisa chote kinatokana na pengo lake.

Tuanze na mkubwa wao. Filamu ya Metropolis ilionyeshwa kwa mara ya kwanza mjini Berlin, Ujerumani, tarehe 10 Januari, 1927. Mwongozaji wake alikuwa Fritz Lang, na aliyeandika hadithi ni mkewe, Thea von Harbou. Siku hizo filamu hazikuwa na sauti. Kampuni ya Ufa ilitumia zaidi ya Reichsmark milioni 5, kiasi ambacho kilikaribia kuifilisi. Lang alikuwa ameuzuru mji wa New York mwaka 1924, na maghorofa aliyoyaona huko hayakumtoka akilini. Hata hivyo sehemu kubwa ya mji wake haikujengwa kwa ukubwa wake. Fundi Eugen Schüfftan alitumia vioo, akaunganisha taswira ya vijumba vya mfano na taswira ya watu halisi, hata mtazamaji akaamini kwamba watu wale wamesimama chini ya majengo makubwa kama milima.

Katika mji huo mabwana wanaishi juu, penye bustani na viwanja vya michezo. Wafanyakazi wanaishi chini ya ardhi. Zamu inapobadilika, kundi moja linaingia kwenye lifti na jingine linatoka, wote wameinamisha vichwa, wamevaa sare moja, hata huwezi kumjua huyu na yule. Saa yao ya kazi ina tarakimu 10 badala ya 12. Kuna mahali ambapo Freder, mtoto wa mwenye mji, anashika zamu ya mfanyakazi aliyechoka, naye analazimika kuisukuma mishale ya mtambo unaofanana na saa mpaka anakaribia kuzimia. Sinema imepiga hatua nyingi tangu siku hizo, lakini sijui picha nyingine inayoeleza kwa ufupi zaidi maana ya mtu kumilikiwa na saa za mtu mwingine.

Sasa sikiliza habari za mama. Mwenye mji, Joh Fredersen, alikuwa na mke jina lake Hel, naye alifariki dunia alipomzaa Freder. Kabla hajaolewa na Fredersen, Hel alipendwa na mvumbuzi aitwaye Rotwang, na mvumbuzi huyo hakupata kupoa. Akamjengea sanamu nyumbani kwake. Hatimaye akaunda mtu-mashine mwenye umbo la kike, kusudi amrudishe Hel duniani. Ndiyo kusema kwamba roboti yule mashuhuri, ambaye sura yake ya chuma imeigwa katika filamu nyingi zilizofuata, hakuundwa kwa ajili ya vita wala biashara. Aliundwa na mwanamume aliyeshindwa kumaliza matanga. Ni Fredersen ndiye aliyeamuru baadaye kwamba mashine hiyo ipewe sura ya Maria, msichana aliyekuwa akiwatuliza wafanyakazi, ili iwapotoshe.

Filamu ilipopelekwa Marekani, wanunuzi waliona ni ndefu mno wakaikata. Pamoja na mengine, kisa cha Hel kiliondolewa, kwa sababu jina lake lilikaribiana mno na neno la Kiingereza lenye maana ya jahanamu. Kwa hiyo mama, ambaye alikwisha kufa ndani ya hadithi, akafutwa hata katika hadithi yenyewe! Tangu hapo vizazi vya watazamaji vilimwona Rotwang kama mwendawazimu tu, anayeunda mashine bila sababu. Ilikuwa mwaka 2008 ndipo nakala iliyokuwa karibu kamili ilipogunduliwa katika jumba la makumbusho ya filamu mjini Buenos Aires, Argentina, ikiwa na mikwaruzo tele. Ilisafishwa, ikaonyeshwa Berlin mwaka 2010. Hel alirejea baada ya miaka zaidi ya 80.

Lipo pia tukio la mafuriko. Wafanyakazi, wake kwa waume, wakichochewa na roboti mwenye sura ya Maria, wanapanda juu kuivunja mitambo. Mitambo inapovunjwa, maji yanafurika mji wa chini, na huko ndiko walikowaacha watoto wao. Wakiwa bado wanacheza kwa furaha, mkuu wa mitambo anawauliza watoto wao wako wapi. Nyuso zinabadilika ghafla, akina mama wanajishika vichwa. Kwa bahati, Maria wa kweli na Freder wanawaokoa watoto. Mamia ya watoto walioigiza tukio hilo walitoka katika mitaa ya kimaskini ya Berlin, na maji yaliyowapiga yalikuwa maji kweli.

Mwisho wa filamu hauridhishi. Mwenye mji anashikana mkono na mkuu wa mitambo mbele ya kanisa, mambo yakaisha. Hakuna anayesema kama zamu ya saa 10 itapunguzwa, wala kama familia zitahamishwa kutoka shimoni. Mwandishi Mwingereza H. G. Wells aliishambulia filamu hii vikali mwaka ule ule wa 1927, na Lang mwenyewe, katika miaka yake ya baadaye, alikiri kwamba hakuupenda ujumbe wake.

Tuvuke miaka 38, twende Ufaransa. Mwaka 1965 Jean-Luc Godard alitoa filamu iitwayo Alphaville, ambayo mwaka huo huo ilipata tuzo ya Dubu wa Dhahabu katika tamasha la Berlin. Mji wa Alphaville unatawaliwa na kompyuta inayoitwa Alpha 60, yenye sauti ya kukwaruza. Godard hakujenga hata ukuta mmoja. Alikwenda na mpiga picha wake, Raoul Coutard, katika mitaa ya Paris ya siku zile, usiku, kwenye majengo mapya ya vioo na saruji, akapiga picha ngazi, lifti, vishubaka vya mapokezi na korido ndefu. Wakazi wa Paris waliokwenda kuitazama waliuona mji wa kutisha wa miaka ijayo, nao ni ule ule waliokuwa wakipanda lifti zake kila asubuhi.

Katika mji huo kulia ni kosa. Mtu mmoja anahukumiwa kifo kwa sababu aliangua kilio mkewe alipofariki. Hukumu hutekelezwa kando ya bwawa la kuogelea, huku wakubwa wakishangilia. Lakini lililonigusa mimi zaidi ni lile la kamusi. Kila chumba kina kitabu ambacho wenyeji wanakiheshimu kama msahafu, kumbe ni kamusi, na kamusi hiyo hubadilishwa mara kwa mara. Kila toleo linapokuja, maneno kadhaa yamekwisha ondolewa. Binti aitwaye Natacha, aliyeigizwa na Anna Karina, hajui maana ya dhamiri, wala ya mapenzi. Hakukatazwa kupenda kwa sheria. Ameondolewa neno tu, basi hisia nayo imekosa pa kukaa.

Sisi tunaiita lugha ya kwanza ya mtoto lugha ya mama, na jina hilo halikuja bure. Maneno ya huruma, pole, aibu na shukrani mtoto huyapata mgongoni na jikoni, kabla hajaijua shule. Leo, mtoto anaweza kuiuliza simu swali ambalo zamani angemwuliza mama yake au bibi yake, nayo simu ikamjibu kwa sauti laini ya mtu. Jibu laweza kuwa sahihi kabisa. Lakini mtu aliyeitazama Alphaville atajikuta akisikiliza pia ni maneno gani ambayo mtoto wake hayasikii tena kutoka kinywani mwa mtu.

Ziko nyingine ambazo nitazipitia kwa haraka. Soylent Green, filamu ya Marekani ya mwaka 1973 iliyoongozwa na Richard Fleischer, inauonyesha mji wa New York wa mwaka 2022 ukiwa na watu milioni 40 na njaa kuu. Mwaka 2022 umepita, na New York haikufikia idadi hiyo hata kwa mbali. Lakini hapo wanawake vijana hupangishwa pamoja na nyumba za matajiri, nao huitwa fanicha. Na mzee mmoja analia kwa kuona kipande cha nyama ya ng'ombe, kwa kuwa anakumbuka mlo wa zamani. Katika filamu ya Brazil ya mwaka 1985, kazi ya Terry Gilliam, mdudu anaangukia mashine ya kuchapa, herufi moja inakosewa, na kwa kosa hilo askari wanamkamata baba asiye na hatia nyumbani kwake mbele ya mke na watoto, kisha mke anatiwa saini ya stakabadhi! Humo mama wa shujaa yumo, tena ana cheo mjini, isipokuwa anashughulika na madaktari wa kumpasua uso apate ujana.

Sasa tufike kwenye ule mji wa mvua uliouona ulipokuwa ukipita kwenda jikoni. Yamkini ni Blade Runner, iliyoongozwa na Ridley Scott na kutolewa Juni 1982, kutokana na riwaya ya Philip K. Dick ya mwaka 1968. Dick alifariki Machi 1982, miezi michache kabla haijatoka. Mji ni Los Angeles, Novemba 2019. Nao mwaka huo ulipita bila magari kupaa. Tena, jambo la kuchekesha, shujaa wa filamu anapiga simu ya picha kutoka kwenye simu ya umma, kwani waliobuni magari ya angani hawakubuni simu ya mfukoni. Kama Godard, Scott naye alitumia majengo yaliyokuwapo: jengo la Bradbury, ambapo mambo ya mwisho yanatokea, lilifunguliwa mwaka 1893.

Filamu inaanza kwa swali kuhusu mama. Katika mji huo kuna watu walioundwa viwandani kwa kazi za hatari, wanaopewa miaka 4 tu ya kuishi. Kuwatambua ni vigumu, kwa hiyo huulizwa maswali ya kupima huruma yao. Mmoja wao, Leon, anaulizwa habari za mama yake. Hana mama. Anajibu kwa bastola, tena chini ya meza. Baadaye kijana wa kike, Rachael, anamletea mpelelezi picha yake ya utotoni akiwa na mama yake, kama ushahidi kwamba yeye ni binadamu. Kumbe kumbukumbu anazozitegemea ni za mtu mwingine, zimepandikizwa kichwani mwake. Naye Roy, kiongozi wa waliotoroka, anamwendea tajiri aliyewaunda, akitaka aongezewe maisha. Wana wa namna ya baba, lakini hakuna aliyewabeba tumboni wala aliyewaimbia.

Siku hizi mashine zaweza kutengeneza picha ya mama na mtoto ambao hawakupata kuishi duniani, na macho yetu yakakubali. Kwa sababu hiyo kile kipande kifupi cha Rachael na picha yake, ambacho mwaka 1982 kilikuwa ndoto, ndicho ningependa wazazi wakitazame pamoja na vijana wao. Nasema vijana. Blade Runner ina mauaji ya kutisha, na siri ya Soylent Green haimfai mtoto mdogo hata kidogo.

Kwa familia nzima ipo filamu fupi iliyoongozwa na mwanamke wa Kenya, Wanuri Kahiu. Inaitwa Pumzi, ilitoka mwaka 2009, na muda wake ni dakika kama 20 hivi. Watu wanaishi ndani ya mji uliofungwa, baada ya vita vya kugombea maji. Nje inasemekana kila kitu kimekufa. Umeme unapatikana kwa watu kukanyaga mashine, jasho na mkojo husafishwa ili vinywewe tena, na anayeota ndoto huamriwa kumeza kidonge cha kuizuia. Asha, mtunzaji wa makumbusho, analetewa udongo ambao haukuandikwa jina la aliyeutuma. Anatia humo mbegu kongwe iliyokuwa imehifadhiwa kwenye chupa, na mbegu inachipua. Chupa hiyo imeandikwa neno la Kikikuyu, maitu, yaani mama.

Wakubwa wanamnyima ruhusa ya kutoka nje. Mwanamke anayesafisha vyoo, ambaye Asha aliwahi kumgawia maji yake, ndiye anayemsaidia kutoroka. Asha anatembea jangwani na mche wake mpaka miguu inamwishia nguvu. Anachimba kwa mikono, anaupanda, anaumiminia maji yote yaliyobaki, kisha anajilaza juu yake ili uwe na kivuli.