Kiti Kilichowekewa Mtu Asiyekuwepo

Machi 1, 2007, maofisa kadhaa wa polisi katika jimbo la Manipur, kaskazini-mashariki mwa India, walipandishwa cheo wakaingia Daraja la Pili la utumishi wa polisi wa jimbo hilo. Agosti 14 wakaja wenzao walioajiriwa moja kwa moja katika cheo hichohicho, na Novemba 24 likafuata kundi jingine. Nani mkubwa kazini? Jibu la Mahakama ya Juu lilitoka Novemba 19, 2019, miaka 12 baadaye.

Chanzo ni jinsi serikali ya India inavyojaza nafasi zake. Nafasi za cheo hugawanywa mafungu: moja la wanaopandishwa, jingine la wanaotoka nje. Kanuni za serikali kuu za Desemba 22, 1959 zilitaka tange, yaani orodha ya ukubwa kazini, ipangwe kwa zamu kufuata mafungu hayo. Mgawo ukiwa nusu kwa nusu, mmoja wa huku, mmoja wa kule, hadi orodha iishe.

Tuseme ofisi ina nafasi 10. Watano wanapandishwa kwa wakati, maana wamo ndani na majalada yao yako kabatini. Wa kutoka nje wanangoja tangazo, mtihani, usaili, uhakiki wa vyeti, na mwaka unakwisha wamefika wawili tu. Mistari mitatu ya tange inaachwa wazi. Miaka mitatu baadaye anaajiriwa mtu, anapachikwa kwenye mstari mmojawapo, na yule aliyemwonyesha jalada lipi linaanza na lipi linafuata anajikuta chini yake. Mshahara wake haujaguswa, lakini miaka mitatu aliyoitumikia imefutwa kwa kalamu. Cheo cha juu kikipata nafasi, tange ndiyo huamua nani aitwe kwanza, na anayestaafu akiwa bado kwenye foleni amekwisha kukikosa.

Serikali yenyewe iliikiri dhuluma hiyo kwa waraka wa Februari 7, 1986, ikaagiza mistari isiachwe wazi tena kwa ajili ya watakaokuja baadaye.

Ila siwezi kuwageuzia kisogo walioingia kwa mtihani. Nafasi ilikuwepo, wakaomba, wakafaulu, kisha barua zao zikalala mezani kwa mtu. Kosa lao lipi? Hoja hiyo ilishinda Novemba 2012 katika shauri la N.R. Parmar, lililohusu wakaguzi wa kodi ya mapato: Mahakama ilikubali ukubwa wao uhesabiwe kwa mwaka ambao mchakato wa ajira ulianzishwa. Shauri la Manipur likaupindua uamuzi huo. Majaji walisema mtu hawezi kudai ukubwa wa siku ambayo hajaingia katika kada. Waliokwisha kupangwa kwa kipimo cha zamani hawakuguswa, hivyo vipimo viwili vikaendelea kuishi ndani ya utumishi mmoja.

Mimi nasimama na uamuzi wa 2019. Aliyebeba kazi ahesabiwe siku aliyoibeba. Wahandisi wa jimbo la Maharashtra waliligombania hilo tangu shauri la Patwardhan la 1977, walipopinga ukubwa kupimwa kwa tarehe ya kuthibitishwa kazini, tarehe iliyotegemea ofisi imekumbuka lini. Mei 2, 1990 jopo la majaji watano likaweka msingi: aliyeteuliwa kwa kufuata kanuni huhesabiwa tangu siku ya kuteuliwa, na kukaimu kwa muda nje ya kanuni hakuhesabiwi.

Kinachoniuma ni kwamba miaka yote hiyo mahakamani walisimama mtumishi na mtumishi, ilhali aliyechelewesha ajira ni mwajiri wao wote wawili.

Novemba 2025 zamu ikawa ya majaji wa wilaya. Jopo la majaji watano liliagiza tange yao ipangwe mwaka kwa mwaka, kwa mzunguko wa watu wanne: wawili waliopanda kwa njia ya kawaida, mmoja aliyepanda kwa mtihani wa ndani, mmoja aliyeajiriwa moja kwa moja. Ajira ikichelewa kupita mwaka unaofuata ule ilipoanza, anayeajiriwa hapewi tena nafasi ya mwaka wa nyuma. Ofisi iliyochelewesha tangazo haikatwi chochote.