WACHAPA LAPA WALIOISHIA NJIANI!

Kuna watu wana hela ya basi mfukoni na bado wanachapa lapa. Tena si Mbagala hadi Kariakoo. Ni kilomita kama 3,500!

Njia yenyewe iko Marekani, inaitwa Appalachian Trail. Inaanzia mlima Springer jimbo la Georgia, inakatiza milima na misitu ya majimbo 14, inakomea mlima Katahdin kule Maine. Mwaka 1955 bibi wa miaka 67, Emma Gatewood, aliimaliza yote peke yake na raba zake miguuni.

Sasa sikia ya wanaume. Mwandishi Bill Bryson, aliyeishi Uingereza miaka kama 20, alirudi kwao Marekani akakuta njia hiyo inapita karibu na anapokaa. Akajipa moyo aitembee. Kitabu chake, A Walk in the Woods, kilitoka 1998. Kimombo chake kina milima yake, na kurasa za historia ya misitu nyingine niliziruka, sifichi. Lakini vichekesho! Hata mzigo hajafunga, jamaa keshasoma habari za dubu wanaoshambulia watu mpaka usingizi umekata.

Akawaandikia watu wamsindikize. Aliyeitika ni mmoja tu, anayemwita Katz, mshkaji wake wa zamani. Bonge la mtu, mlevi aliyeacha pombe, pumzi hana. Machi 1996 wakaanza. Siku ya kwanza tu Katz akazidiwa, akawa anavurumisha vitu porini, mpaka chakula! Hapo nilicheka kwenye daladala hadi konda akaniuliza kama niko sawa.

Basi bwana, mimi naye nilikuwa na Katz wangu. Tulipomaliza kidato cha nne tulizunguka viwandani kwa miguu tukitafuta vibarua. Yeye mzito, kila kivuli "ngoja kwanza, mwanangu". Asubuhi moja nikamwacha chini ya mwembe, nikawahi geti. Walibakiza nafasi moja. Nikaichukua. Tangu siku hiyo salamu yetu ni ya kupungiana mkono ng'ambo ya barabara.

Ndiyo maana pale Maine kicheko kilinikauka. Katz anapotea msituni, maji yamemwishia. Bryson anamtafuta, analala na roho juu, kesho yake ndipo wanaonana. Wanatazamana, wanakubaliana imetosha, wanarudi nyumbani wote wawili. Katahdin hawakuiona. Hesabu ya Bryson mwenyewe ilikuwa kilomita 1,400 hivi, hata nusu haikufika. Kuna wanaosema basi hakutembea njia hiyo. Shauri yao.

Jumapili nimepita kwa kina mshkaji. Hakuwepo, nikamwachia mama yake kitabu. Nimekunja ukurasa ule Katz anapotupa chakula. Mama akauliza, "Nimwambie utarudi lini?" Nikamwambia jioni.