Sababu Nzuri, Notisi Mbovu: Kasoro Zinazoangusha Madai ya Kurudishiwa Duka

Mwenye nyumba anaweza kuwa na sababu ya haki ya kulitaka duka lake, na bado ombi lake likaanguka. Mpangaji naye anaweza kuwa na utetezi wa kutosha, na bado akalipoteza duka. Mara nyingi chanzo ni kimoja: utaratibu haukufuatwa. Katika sehemu hii tunaeleza utaratibu huo kwa mujibu wa Sheria ya Kenya ya Mwenye Nyumba na Mpangaji (Maduka, Hoteli na Majengo ya Vyakula), Sura ya 301.

Upangaji unaolindwa

Sheria hii hulinda upangaji wa biashara ambao haukuandikwa; ulioandikwa kwa muda usiozidi miaka 5; au ulioandikwa kwa sharti kwamba unaweza kuvunjwa ndani ya miaka 5 bila mpangaji kukiuka mkataba. Kwa hiyo mwenye kibanda cha kinyozi aliyekubaliana na mwenye nyumba kwa mdomo tu hulindwa. Kifungu cha 4 chasema kuwa upangaji wa namna hii hauwezi kukoma ila kwa njia iliyowekwa na Sheria yenyewe. Kubadilisha kufuli usiku si mojawapo ya njia hizo.

Kasoro za kuchunguza

Kwanza ni fomu. Notisi ya mwenye nyumba sharti iwe katika fomu iliyowekwa na kanuni. Ujumbe wa simu, au barua ya kawaida hata ikiwa imeandikwa na wakili, haichukui nafasi yake.

Pili ni muda. Notisi haiwezi kuanza kufanya kazi kabla ya miezi 2 kupita tangu mpangaji alipoipokea. Tuchukue mfano: notisi imeandikwa tarehe 1 Machi, ikamfikia mpangaji tarehe 20 Machi, nayo yamtaka ahame tarehe 1 Mei. Mwenye nyumba amehesabu tangu siku ya kuandika, na muda umepungua. Ikiwa kodi hulipwa kwa vipindi virefu zaidi, tarehe haiwezi kutangulia siku ambayo upangaji ungeweza kukoma kwa makubaliano yao.

Tatu ni sababu. "Nataka nyumba yangu" si sababu. Kifungu cha 7 kinaorodhesha zinazokubalika, miongoni mwazo kodi iliyocheleweshwa kwa miezi 2 baada ya kustahili kulipwa, nia ya kubomoa au kujenga upya, na nia ya mwenye nyumba kulitumia jengo mwenyewe kwa muda usiopungua mwaka 1. Sababu inayotegemewa lazima itajwe ndani ya notisi.

Nne ni mwito wa kujibu. Notisi lazima imtake mpangaji aeleze kwa maandishi, ndani ya mwezi 1 tangu kuipokea, kama anakubali au anakataa. Notisi isiyo na sababu au isiyo na mwito huu haina nguvu.

Tano ni ufikishaji. Notisi hukabidhiwa mpangaji mwenyewe, mtu mzima wa familia yake, au mfanyakazi wake katika jengo hilo, ama hutumwa kwa barua ya rejista. Kuibandika mlangoni na kwenda zako ni kujitafutia ubishi.

Mpangaji afanye nini?

Usiipuuze notisi kwa kuwa umeiona ina kasoro. Anayeamua ni Baraza la Kodi za Majengo ya Biashara, si wewe wala jirani yako. Andika tarehe uliyoipokea. Ndani ya mwezi 1, mjibu mwenye nyumba kwa maandishi kwamba hukubali, na ubaki na nakala. Kisha, kabla ya tarehe ya kuhama iliyotajwa, peleka shauri mbele ya Baraza. Ukifanya hivyo, notisi husimama hadi Baraza liamue. Ukinyamaza, kifungu cha 10 huipa notisi nguvu tangu tarehe yake. Endelea pia kulipa kodi na kutunza risiti. Kasoro ya notisi haifuti deni.

Mwenye nyumba afanye nini?

Ukigundua kosa mapema, ni afadhali kutoa notisi mpya kuliko kuitetea iliyo mbovu. Baraza likishaamua shauri, huwezi kutoa notisi nyingine ya kukomesha upangaji kwa jambo lilelile kabla ya miezi 12 kwisha. Haraka ya wiki mbili yaweza kukugharimu mwaka mzima.

Sheria haikuweka masharti haya ili kumnyima mwenye mali haki yake. Iliyaweka ili mtu ambaye riziki yake i ndani ya duka hilo apate kujua anadaiwa nini, kwa sababu gani, na ana siku ngapi za kujibu.