Mwangwi Unaotangulia Kisima

Kabla ya kisima cha mafuta au gesi kuchorongwa, wataalamu wa jiofizikia huichunguza miamba kwa mitetemo. Wimbi la mtetemo hushuka ardhini, na kila linapofika mpaka wa matabaka mawili ya miamba yasiyolingana kwa msongamano au kwa kasi ya kupitisha wimbi, sehemu yake hurudi juu na iliyobaki huendelea kushuka. Tofauti ikiwa kubwa, mwangwi nao huwa mkubwa. Njia hii ilijaribiwa Oklahoma, Marekani, mwaka 1921 na John Clarence Karcher na wenzake.

Nchi kavu, mtetemo hutolewa na baruti iliyofukiwa shimoni, au na malori mazito yanayoshusha bamba la chuma na kulitetemesha kwa sekunde kadhaa. Mwangwi hunaswa na jiofoni, vifaa vidogo vyenye mwiba unaochomekwa udongoni, vikiwa vimepangwa kwa mamia au maelfu. Baharini, meli hukokota mizinga inayofyatua hewa iliyoshindiliwa, pamoja na nyaya za kilomita kadhaa zenye haidrofoni, vifaa vya kunasa mwangwi majini.

Kinachopimwa ni muda. Mwangwi ukirudi baada ya sekunde 2, na wastani wa kasi ukiwa mita 3,000 kwa sekunde, mpaka uko mita 3,000 chini, kwani nusu ya muda ni ya kushuka na nusu ya kupanda. Kazi iko kwenye kuijua kasi: majini ni takriban mita 1,500 kwa sekunde, ilhali kwenye mawe magumu ya chokaa huweza kupita 5,000. Ndiyo maana sehemu moja hupimwa mara nyingi kwa umbali tofauti. Mwangwi unaopokelewa mbali huchelewa zaidi, na kiasi cha kuchelewa hufichua kasi. Baadaye rekodi hujumlishwa ili makelele yafifie.

Picha inayopatikana huonyesha mikunjo na mipasuko inayoweza kuzuia gesi. Kwenye bahari ya kina kirefu kusini mwa Tanzania, ambako gesi ilianza kugunduliwa mwaka 2010, maji yenyewe yana kina cha zaidi ya mita 1,000, na kuchoronga bila picha hiyo ni kubahatisha kwa gharama kubwa. Gesi hupunguza kasi ya wimbi ndani ya mwamba wa mchanga, hivyo mara nyingi mwangwi wake hung'aa pichani. Lakini hata gesi kidogo isiyo na faida huweza kung'aa vilevile. Jibu la mwisho hutolewa na kisima.