KWA NINI SINZA KUNA MITAA NA MANZESE KUNA VICHOCHORO?

Leo tuongee majengo, ila sio yale maghorofa ya vioo ya Posta ambayo kila mtu anayapiga picha. Nataka tuongelee huku kwetu, Temeke, Tandika, Manzese, Tandale, Mbagala. Maana watu wengi wanasema "uswazi kumejengwa ovyo" halafu wanaishia hapo, kama vile watu wa uswazi walizaliwa hawajui kunyoosha kamba.

Anza na hili. Chukua bodaboda Manzese Darajani mpaka Sinza Kijiweni, mwendo wa dakika chache tu. Sehemu zote mbili zilikuwa Kinondoni kabla Manispaa ya Ubungo haijaanzishwa. Sinza unaweza kumwelekeza mtu: nenda mtaa wa pili, kata kushoto, geti la tatu. Manzese lazima utoke ukamchukue mgeni wako barabarani. Sasa kali ni kwamba maeneo haya mawili yalikuwa kwenye mradi mmoja! Miaka ya 1970 serikali ilikopa Benki ya Dunia, ikapima viwanja vipya Sinza, Kijitonyama na Mikocheni, na wakati huohuo ikaenda kuboresha Manzese ambako watu walikuwa wameshajenga. Baadaye zikafuata Mtoni na Tandika kwa upande wa Temeke.

Kwa hiyo tofauti kubwa ya Sinza na Manzese ni nini kilitangulia. Sinza barabara ilichorwa kwanza, nyumba ikafuata. Manzese nyumba zilitangulia, barabara ikaja kuomba nafasi. Hela zina mchango wake, sikatai, ila Sinza ya mwanzo ilikusudiwa watu wa kipato cha chini. Walioishia kuvipata viwanja vingi ni watumishi na watu wenye chochote mfukoni, hiyo ni stori nyingine.

Turudi nyuma kidogo. Mwaka 1891 Wajerumani waliweka sheria ya ujenzi iliyogawa mji sehemu tatu. Ujanja wake ni kwamba haikusema mzungu akae hapa na mwafrika pale, ilisema aina ya nyumba. Eneo la kwanza nyumba za kizungu tu, la tatu unaweza kujenga kibanda cha miti na udongo. Nani mwenye uwezo wa kujenga nyumba ya kizungu? Si unaona! Waingereza walipokuja wakaendeleza mchezo uleule, tukapata Uzunguni, Uhindini na Uswahilini. Uwanja wa Mnazi Mmoja ambao leo watu wanapumzika uliachwa wazi ili kutenganisha mji wa wakubwa na Kariakoo. Oysterbay bustani, Kariakoo msongamano. Wakati uhuru unakaribia wakajenga zile kota za Ilala, Magomeni na Temeke, nyumba ndogondogo za mistari. Ukipita Temeke leo utaona mitaa ya upande huo imenyooka. Za Magomeni zilivunjwa, na Machi 2022 yakazinduliwa maghorofa kwa ajili ya kaya 644.

Tatizo ni hesabu. Sensa ya 1967 Dar ilikuwa na watu kama laki mbili na sabini elfu. Ya 1978 ikakuta zaidi ya laki nane. Sensa ya 2022 mkoa mzima una watu 5,383,728. Ramani kuu za mji zilichorwa 1949, 1968 na 1979, zote na makampuni ya nje, ya Uingereza kisha Kanada, lakini viwanja vilivyopimwa havikufikia hata robo ya mahitaji. Mtu ametoka Lindi au Morogoro, ana mke na mtoto, atasubiri kiwanja cha serikali mpaka lini? Anakwenda kwa mwenye shamba.

Na hapa ndipo kichochoro kinapozaliwa, nisikilizeni vizuri. Mzee ana shamba la minazi na mikorosho. Anauza kipande, hatua ishirini kwa ishirini. Hatua kweli, mtu anatembea na kuhesabu, na kama mnunuzi ni mjanja anamleta rafiki yake mwenye miguu mirefu! Mjumbe anashuhudia, serikali ya mtaa inagonga muhuri na kuchukua chake. Kila kitu kimeandikwa, mashahidi wapo, tena utaratibu huo una heshima yake na kesi ni chache kuliko mnavyodhani. Lakini kwenye karatasi ile kuna jirani wa kaskazini, jirani wa kusini, mashariki na magharibi. Barabara haimo. Mwenye shamba hawezi kuitoa bure, mnunuzi hawezi kuikata kwenye hatua zake alizolipia. Kinachobaki ni pale watu walipozoea kupita, na hapo napo kila mwaka mtu anasogeza ukuta kidogo, mwingine anaweka ngazi, mwingine shimo la choo.

Nyumba zenyewe sasa. Mimi naipenda sana nyumba ya Kiswahili na sioni aibu kusema. Mlango katikati, korido mpaka nyuma, vyumba vitatu kulia vitatu kushoto. Nyuma kuna ua wenye jiko, bafu na choo. Mbele kuna baraza. Wasomi wa usanifu wanaiandikia vitabu, sisi tunaiona ya kizamani. Lakini iangalie inavyofanya kazi. Unaanza na vyumba viwili, unahamia, unaongeza pole pole kadiri hela inavyopatikana. Mwenye nyumba anakaa chumba cha mbele, vingine anapangisha, kodi inamalizia paa. Korido ikifunguliwa huku na huku upepo unapita, kwa joto la Dar huhitaji feni mchana. Uani ni kwa kina mama na mambo ya ndani, barazani ni kwa wageni, bao, kahawa na siasa. Kukiwa na msiba watu wanajaa barazani na uani bila kukodi ukumbi.

Nyumba hiyo inakufa kwa njia mbili. Ya kwanza ni fremu. Chumba cha mbele kinatobolewa mlango wa barabarani, inakuwa saluni au duka la M-Pesa, na baraza linageuka sehemu ya wateja. Siwalaumu, fremu moja inaweza kulipa kuliko vyumba viwili. Ya pili ni ukuta na geti. Siku hizi kila mpangaji anataka "self", choo chake ndani, kwa hiyo ua unajazwa vyumba mpaka mpakani, maji ya mvua yanakosa pa kuzama, na anayepita nje anatembea kati ya kuta mbili bila mtu wa kumuona. Zamani kichochoro kilikuwa na wazee barazani wanaokujua wewe mtoto wa nani. Leo usiku watu wanaogopa kupita palepale.

Halafu ndio tunakuja kwenye yale ya hatari. Gari la zimamoto haliingii. Mgonjwa anabebwa kwenye kiti mpaka barabarani. Gari la kunyonya choo bomba lake halifiki, ndio maana mvua ikianza kuna watu wanatapisha vyoo usiku, maji yabebe, na asubuhi watoto wanaruka mabwawa hayo kwenda shule. Kipindupindu kikija tunashangaa. Desemba 2011 mafuriko yaliua watu Dar, na wengi waliokuwa bonde la Msimbazi wakahamishiwa Mabwepande. Maji yanafuata ramani yake ya asili hata kama sisi hatuna yetu.

Je, inarekebishika? Inarekebishika, ila ni ghali. Manzese ile ya miaka ya 1970 ilipata barabara za ndani, mitaro na bomba, kisha matengenezo yakawa haba na nyumba zikazidi kubanana. Hananasif, miaka ya 1990, wakazi wenyewe walichimba mitaro kwa ujira na hali ikabadilika kweli. Tandale mwaka 2011 wanafunzi wa Chuo Kikuu Ardhi waliingia na wakazi wakachora ramani ya kila kichochoro, na kuanzia 2015 Ramani Huria ikafanya hivyo kata nyingi. Ukifungua OpenStreetMap hapo kwenye kompyuta uliyokaa utaziona. Siku hizi kuna urasimishaji, majirani wanakaa kikao na mpimaji na kila mmoja anakubali kukatwa kidogo ili njia ipite. Hapo ndipo vikao vinapovunjika. Kila mtu anataka barabara, ila ipite kwa jirani.

Sasa wale wenzangu mnaojikusanya mnunue kipande Chamazi, Kivule au Mbagala ndanindani, maana huko mashamba bado yanauzwa kwa hatua kama Manzese ya mwaka 1970. Kabla hamjalipa mwambieni mwenye shamba aonyeshe gari litapita wapi eneo lote likishauzwa, sio leo penye nyasi. Nyie wanunuzi wanne watano mnaopakana mkatoa mita mbili mbili kila mmoja na kuiandika njia kwenye mkataba wa kila mtu, mbele ya mjumbe, tayari mna mtaa wa mita nne. Aliyenunua mwisho akigoma, mwenye shamba akatae kumuuzia. Mwaka wa kumi nyumba zikishajaa, mita hizo hamtazipata hata kwa mamilioni.