Filamu ya Samaki wa Ziwa Letu
Mwaka 2004 Bwana Hubert Sauper, mtu wa Austria, alitoa filamu iitwayo Darwin's Nightmare, aliyoipiga Mwanza. Humo huonekana wavuvi, kiwanda cha minofu ya sangara, ambaye watu wa Mbita humwita mbuta, samaki mgeni aliyetiwa ziwani katika miaka ya 1950, na ndege kubwa zikipeleka minofu Ulaya. Wenyeji hubakiwa na vichwa na mifupa, navyo huanikwa juani, kisha hukaangwa. Mwaka 2006 Rais wa wakati huo, Bwana Jakaya Kikwete, aliishutumu kuwa imeipaka Tanzania matope. Kweli, viwanda viliwapa wengi mshahara. Lakini mvuvi wa Mbita auzaye mbuta ufukoni, kisha akala omena nyumbani, hatahitaji mkalimani aitazamapo.