Binti anacheza mpira wa mikono. Atafika wapi?

Msimu wa kuchuma kahawa Karagwe na Kyerwa huwakuta wanafunzi wakiwa katika pilikapilika za UMISSETA. Mzazi anahesabu watu wa kazi shambani, mmoja hayupo: binti wa kidato cha tatu yuko kambini na timu ya mpira wa mikono. Akirudi anasema mwalimu wa michezo amemwambia atafika mbali. Mbali wapi?

Mzazi ana haki ya kuuliza, na jibu lake si lile la soka. Hapa nchini mchezo huu hauna ligi ya kumtajirisha mtu. Timu zinazotamba ni za majeshi: Ngome, JKT, Magereza, na kwa Zanzibar, Nyuki. Kijana akichukuliwa huko, riziki yake ni ajira ya askari. Mpira umemfungulia mlango tu. Kwa nyumba inayoishi kwa ndizi na kahawa, hilo si dogo.

Ila mlangoni wanaomba karatasi. Cheti cha kidato cha nne, cheti cha kuzaliwa, kitambulisho cha taifa. Sisi wa mpakani, Rwanda ikiwa ng'ambo ya Mto Kagera na Uganda pale Murongo, tunajua maswali ya uraia yanavyoulizwa. Jina la shuleni likitofautiana na la cheti cha kuzaliwa, kipaji kitakwama mezani kwa karani. Rekebisheni kabla hajasajiliwa kwa mtihani wa kidato cha nne.

Hata Ulaya si wote wanaoogelea fedha. Mwaka 2021 Gauthier Mvumbi, kijana mwenye mwili mkubwa, alivuma dunia nzima akiichezea DR Congo kwenye Kombe la Dunia nchini Misri. Klabu yake wakati huo ilikuwa Dreux, ya madaraja ya chini Ufaransa.

Matumaini yapo, tena karibu. Rwanda, majirani zetu hawa hawa, walicheza fainali za Afrika za wanaume kwa mara ya kwanza Januari 2024 huko Cairo. Miaka miwili baadaye Kigali ikawa mwenyeji. Kutoka Kayanga, Kigali ni karibu kuliko Dar es Salaam.

Sasa magoti, maana hapa ndipo wengi huishia. Mchezaji huruka, hurusha, kisha hutua kwa mguu mmoja huku akigeuka, na wasichana huchanika kano za goti zaidi ya wavulana. Utafiti wa Norway uliochapishwa 2005, kwa vijana zaidi ya 1,800 wa mchezo huu, ulionyesha kwamba mazoezi maalumu ya kupasha mwili, kutua na kusimama kwa mguu mmoja yalipunguza majeraha ya goti na kifundo kwa karibu nusu. Hayahitaji vifaa vya gharama. Muulize mwalimu kama wanayafanya. Goti likivimba, binti apumzike na apelekwe hospitali; kukanda kwa maji ya moto hakuungi kano.

Na kabla hajapanda gari la kambi, uliza watalala wapi, matroni ni nani, na uchukue namba yake ya simu. Mwalimu mzuri hachukii kuulizwa hayo.